Mafua ya paka yanayorudi: maswali kuhusu virusi vya herpesi

Ukipita vichochoro vya Mji Mkongwe wa Unguja baada ya sala ya alfajiri, hufiki mbali kabla ya kumwona paka mwenye jicho moja limefumba na pua yenye ukoko. Lamu ni vivyo hivyo, na Mji wa Kale Mombasa pia. Watu wamezoea, husema "huyo ana mafua" na kupita. Mimi ni daktari wa mifugo ambaye, kwa sababu ya mahali ninapoishi, nimeishia kutibu paka kuliko ng'ombe, na wengi ninaoletewa wana shida hiyo hiyo. Majibu haya ni yale ninayoyatoa mezani kila wiki. Hapa nimeyapanua kidogo, maana hakuna mtu anayesubiri mlangoni na kapu linalolia.

Paka wangu anapiga chafya na macho yanatoa tongotongo. Si mafua ya kawaida tu?

Kwa paka, mafua ya kawaida ndiyo haya. Hayaletwi na mvua wala upepo wa kusi. Visababishi vikubwa ni virusi viwili, herpesi na kalisi, na ukurasa huu unahusu hasa cha kwanza. Paka akishakipata, dalili huanza baada ya siku 2 hadi 6: chafya za mfululizo, kamasi nyepesi kama maji ambazo baada ya siku chache huwa nzito na za njano, macho mekundu, kope zilizovimba, homa, na kususa chakula. Kwa kawaida hali hiyo huchukua siku 10 hadi 20. Joto la paka mzima ni kati ya nyuzi 38 na 39, kwa hiyo usishtuke ukimgusa na kumwona ana joto kuliko wewe. Ndivyo alivyoumbwa.

Kirusi chenyewe ni kitu gani?

Kilitambuliwa kwa mara ya kwanza mwaka 1958 nchini Marekani, na wataalamu hukiita herpesi ya paka aina ya 1. Ni ndugu wa kirusi cha tetekuwanga, na undugu huo ndio unaonisaidia kueleza mambo mezani.

Mtoto akiugua tetekuwanga hupona, upele hukauka, maisha yanaendelea. Lakini kirusi hakikuondoka. Kimejificha kwenye mishipa ya fahamu, na miaka mingi baadaye, mtu akiwa amezeeka au mwili umedhoofika, kinaibuka upande mmoja wa mwili kama mkanda wa jeshi. Herpesi ya paka hufanya mchezo huo huo, ila chenyewe hujificha kwenye fundo la mishipa ya fahamu ya uso na hakina subira ya miaka. Kinaweza kuibuka mara 3 kwa mwaka. Inakadiriwa kwamba paka 8 kati ya kila 10 walioambukizwa hubaki nacho maisha yao yote.

Kinashika jamii ya paka peke yake, wakiwamo paka wakubwa. Simba wa Serengeti walipopimwa damu miaka ya 1990, wengi wao walikutwa na kingamwili za kirusi hiki, na hakuna aliyekuwa amewaona wakipiga chafya hovyo. Duma wanaofugwa kwenye mazizi ya wanyamapori ndio wanaoumizwa sana nacho. Wengine hutoka vidonda vya uso visivyopona kwa miezi.

Mimi au watoto wangu tunaweza kuambukizwa?

Hapana. Wala mbwa, wala kuku, wala sungura. Tutuko za mdomoni za binadamu ni kirusi kingine, na paka hakuzileta. Nawa mikono ukishamsafisha kwa sababu ya bakteria wengine wanaokaa kwenye usaha wa macho, basi.

Nitajuaje kama ni herpesi na si ugonjwa mwingine?

Kwa macho matupu huwezi kuwa na hakika, lakini kuna alama. Kirusi cha kalisi hupenda mdomo: paka hudondosha mate, ukimfungua unakuta vidonda juu ya ulimi, na mara nyingine huchechemea siku moja mguu huu, siku ya pili ule. Bakteria wa klamidia huanza na jicho moja, nyama ya ndani ya kope huvimba na kuwa nyekundu kama nyama mbichi, chafya ni chache, kisha baada ya siku kadhaa jicho la pili linafuata. Herpesi hushika pua na macho kwa pamoja, na ndiyo pekee yenye tabia ya kutoboa vidonda juu ya konea, yaani kile kioo cha mbele cha jicho.

Hapo ndipo daktari anapoweza kukupa jibu. Ataweka tone la rangi ya fluoreseini, azime taa, amulike kwa mwanga wa buluu. Kidonda kikiwepo kinang'aa kijani. Kikiwa na umbo la vijitawi vya mti vinavyogawanyika, hahitaji kipimo kingine: ni herpesi.

Kipimo cha PCR, cha maabara kinachotafuta chembe za urithi za kirusi, kipo katika baadhi ya miji mikubwa, lakini mara nyingi huwa siwashauri watu watumie fedha huko. Paka mwenye afya tele anaweza kukutwa na kirusi, na paka anayeumwa kweli anaweza kukutwa hana. Fedha hiyo afadhali iende kwenye dawa na samaki.

Atapona kabisa?

Atapona mafua. Kirusi atabaki nacho. Najua jibu hili linachosha, na wengine hutoka hapa wakaenda kutafuta daktari mwingine atakayewaahidi sindano ya kumaliza mambo. Sindano hiyo haipo. Kinachowezekana, na kinawezekana vizuri, ni paka anayeishi miaka 12 au 15 akiwa na jicho linalotoa machozi kidogo mara mbili kwa mwaka na bwana anayejua la kufanya. Wengine baada ya ule ugonjwa wa kwanza hawaonyeshi dalili tena.

Kwa nini inarudi, na mbona inarudi nyumba ikiwa imetulia?

Inarudi paka anapopata mfadhaiko. Paka ni mtu wa ratiba. Kuhama nyumba, kuletewa paka mwenzake, kuzaa na kunyonyesha, upasuaji, ugonjwa mwingine, sindano za steroidi (dawa za kutuliza uvimbe), mafundi wanaogonga ukuta, yote hayo yanaamsha kirusi.

Lakini hakiamki siku hiyo hiyo. Huanza kutoka tena kwenye mate na kamasi baada ya siku 4 hadi 11, na huendelea kutoka kwa wiki moja au mbili. Ndiyo maana watu hawaunganishi tukio na chafya. Mteja wangu mmoja aliapa kwamba paka wake huugua "bila sababu". Tulipohesabu siku kurudi nyuma tukafika kwenye harusi ya binti yake: nyumba imejaa wageni siku tatu, masufuria uani, ngoma hadi usiku, udi unafuka kila chumba. Harusi Jumamosi, chafya Jumamosi iliyofuata.

Huwezi kuahirisha harusi kwa ajili ya paka. Unaweza kumwekea chumba kimoja kilichofungwa, chenye maji, chakula, mchanga wake na boksi la kujificha, kuanzia siku ya kabla wageni hawajaja. Na kuhusu udi na ubani, pamoja na dawa ya mbu ya kuwasha: paka mwenye pua iliyokwisha kuharibiwa na herpesi hapaswi kulala katika chumba chenye moshi. Fukiza, lakini yeye awe nje na dirisha liwe wazi kabla hajarudi.

Duka la dawa wameniuzia matone ya macho. Niyatumie?

Kwanza soma boksi. Jibu hili nalirefusha makusudi, kwa sababu macho mengi niliyoshindwa kuyaokoa yaliharibiwa na matone, si na kirusi.

Matone mengi ya macho yanayouzwa kwetu ni mchanganyiko wa antibiotiki na steroidi katika chupa moja. Steroidi ndiyo inayoondoa wekundu. Ukimtia paka leo, keshokutwa jicho ni jeupe, unafurahi, unaendelea. Wakati huo steroidi imewalaza askari wa mwili, kirusi kinazaliana bila kusumbuliwa, na kile kidonda kidogo cha vijitawi kinachimba kwenda chini. Baada ya wiki jicho linakuwa la bluu kama limeingiwa na ukungu. Baada ya hapo linaweza kutoboka. Nililetewa paka wa rangi tatu ambaye bwana wake alikuwa amemaliza chupa mbili, kwa uaminifu kabisa, mara tatu kila siku, jinsi alivyoelekezwa na muuzaji. Jicho halikuokoka.

Tafuta majina ya viambato kwenye boksi, kwa herufi ndogo. Ukikuta jina linaloishia na "sone" au "lone", kwa mfano ya jamii ya deksamethasoni, betamethasoni, prednisoloni au haidrokotisoni, usimtie paka mpaka daktari awe amepima konea kwa ile rangi ya kijani. Hata kama duka ni la dawa za mifugo. Hata kama jirani alitumia na paka wake akapona.

Iliyo salama zaidi kuanzia nayo, ukiwa mbali na daktari, ni ile dawa ya mafuta ya tetrasaiklini asilimia 1, kijitubu kidogo ambacho hospitalini huwapaka watoto wachanga. Haiui kirusi. Inazuia bakteria wanaokuja kujipatia riziki kwenye jicho lililojeruhiwa, na klamidia ikiwa ndiye mhusika. Paka mstari mfupi ndani ya kope ya chini mara 3 au 4 kwa siku, baada ya kulisafisha jicho. Hakikisha boksi hilo nalo ni la tetrasaiklini peke yake. Siku 3 zikipita bila nafuu, au akazidi kufumba, usiendelee kubahatisha.

Nyumbani kuna vidonge vya asaikloviri vya binadamu. Si ndiyo dawa ya herpesi?

Usimpe. Kwa binadamu ni dawa nzuri, na kwa sababu ya mkanda wa jeshi nyumba nyingi zina masalio kabatini. Kwa kirusi cha paka ina nguvu ndogo sana, na kwa paka mwenyewe vidonge hivyo huharibu uboho unaotengeneza damu. Ndugu yake, valasaikloviri, ni mbaya zaidi. Imeua paka katika majaribio.

Asaikloviri ya mafuta ya macho, ya asilimia 3, ni habari nyingine. Hiyo haimezwi, na daktari anaweza kukuandikia. Inabidi ipakwe mara 5 kwa siku, na hapo ndipo watu wengi hushindwa.

Basi kuna dawa yoyote ya kumeza inayopambana na kirusi?

Ipo moja, famsaikloviri. Nayo ilitengenezwa kwa ajili ya binadamu, lakini paka huimudu. Kiwango kinachotumika sana siku hizi ni miligramu 90 kwa kila kilo ya uzito, mara 2 kwa siku. Paka wetu wengi wa pwani ni wembamba, kilo 3 hivi, kwa hiyo kidonge cha miligramu 250 hukaribia kiwango hicho. Ni ghali, haipatikani kila duka, na paka mwenye figo mbovu hupunguziwa, kwa hiyo iandikwe na daktari. Usikisage kidonge, ni kichungu na paka atatoa povu mdomoni kama aliyekunywa sabuni. Kizungushie samaki laini, kiingie nyuma ya ulimi, kisha maji.

Siiandiki kwa kila chafya. Naiandika jicho likiwa na kidonda, ugonjwa ukiwa mkali, au unaporudi kila mara na kumchosha paka.

Na antibiotiki?

Haziui kirusi. Zinafaa kamasi zikishakuwa nzito na za kijani na paka ana homa, maana hapo bakteria wamepanda juu yake. Doksisaiklini ndiyo nayoipenda, kwa sharti moja: kidonge au kapsuli isimezwe kavu. Kwa paka hukwama kwenye koromeo la chakula na kuliunguza hadi likabana kabisa. Fuatisha mililita 5 au 6 za maji kwa bomba la sindano lisilo na sindano, au kijiko cha chakula.

Sindano za ng'ombe, zile za chupa kubwa, zisimguse paka. Nimeona paka aliyedungwa kwa kukisia, na msuli wa paja ukaoza.

Hali kitu tangu juzi. Nimwache, si atakula akisikia njaa?

Usimwache. Paka hatumii ulimi kuamua kula, anatumia pua. Pua ikiziba, sahani ya changu mbele yake ni sawa na sahani ya mawe. Na paka asiyekula siku 2 au 3, hasa mnene, mafuta ya mwili humiminika kwenye ini hadi ini likashindwa kazi. Paka wazima wanaokufa kwa mafua mara nyingi hufa kwa njaa na kukauka maji.

Kazi yako ya kwanza ni kumfungulia pua. Chemsha maji, acha yapoe, weka kijiko kidogo cha chai cha chumvi, kisichojaa, katika nusu lita. Lowesha pamba, ilaze juu ya ukoko dakika nzima mpaka ulainike, ndipo ufute. Ukibandua kwa nguvu unamtoa ngozi na hatakuruhusu tena. Pamba moja kwa kila jicho, ukifuta kutoka pembeni mwa pua kwenda nje.

Kisha chakula chenye harufu, na kiwe cha uvuguvugu, kwa sababu joto ndilo linaloinua harufu. Dagaa waliochemshwa na kusagwa pamoja na maji yao ni bora kuliko chakula cha kopo cha bei mbaya, kwa maoni yangu. Supu ya kichwa cha samaki, maini ya kuku kidogo. Bila chumvi, bila kitunguu, bila tui. Mpake kidogo kwenye mguu wa mbele. Paka hawezi kuvumilia uchafu, ataulamba, na mara nyingine ladha hiyo inamkumbusha kula. Akikubali vijiko viwili, ondoa sahani, rudi baada ya saa 3. Ukimwachia sahani mbele siku nzima ataichukia.

Kumlisha kwa bomba kwa nguvu ni njia ya mwisho. Ukifanya, kichwa kiwe sawa, usikiinue juu, na chakula kiingie kidogo kidogo pembeni mwa shavu. Anayehema kwa shida usimlishe hivyo, mlete.

Pua imeziba kabisa. Nimpake ile dawa ya kuchua ya mentholi kifuani?

Hapana. Kafuri, mentholi na mafuta ya mkaratusi ni sumu kwa paka, na atajilamba chochote unachompaka. Mpe mvuke mtupu. Mtie kwenye kapu lake, weka beseni la maji ya moto kando ya kapu (kando, asiweze kulifikia wala kulimwaga), funika vyote kwa khanga, ukae naye dakika 10 hadi 15, mara 2 kwa siku. Baada ya hapo msafishe pua na umletee chakula papo hapo. Wakati huo ndio mzuri kuliko wote.

Na parasetamoli usimpe hata robo ya kidonge. Inaua paka. Ibuprofeni na diklofenaki vilevile.

Unga wa laisini unaouzwa mtandaoni unasaidia?

Kwa miaka mingi sisi madaktari wenyewe tuliuandika. Laisini na ajinini ni vijenzi vya protini, na wazo lilikuwa kwamba laisini inaizuia ajinini, ambayo kirusi kinaihitaji. Mwaka 2015 tafiti zilizokuwepo zilipokusanywa na kupitiwa kwa pamoja, hazikuonyesha faida; baadhi ya paka waliolishwa laisini katika vituo vya kulelea waliugua zaidi. Tena ajinini ni lazima kwa paka, hawezi kuishi bila hiyo. Kama unao kopo, usijilaumu. Usinunue la pili.

Kitunguu saumu? Asali? Maji ya chai kwenye macho?

Kitunguu saumu na kitunguu maji huvunja chembe nyekundu za damu ya paka, hata vikiwa vimepikwa. Asali haisaidii lolote hapa zaidi ya kumnatisha manyoya. Maji ya chai ya rangi yaliyopoa hayana madhara makubwa, lakini maji ya chumvi niliyoyaeleza ni bora. Ndimu kwenye jicho nimekutana nayo mara moja na sitaki kukutana nayo tena.

Watoto wa paka hawajafungua macho, lakini kope zimevimba kama kuna kitu ndani. Nisubiri?

Huu ni wa leo, usisubiri kesho. Watoto hufungua macho kati ya siku ya 7 na ya 14. Kope zikituna kabla ya hapo, ndani kuna usaha uliofungiwa, na unakula konea. Daktari hulowesha mstari wa kope, huufungua taratibu kuanzia pembe ya ndani, hukamua, huosha, huweka dawa ya mafuta. Kazi ya dakika 5 ikiwahiwa. Ikichelewa, kope zinagandana na jicho, na hilo halirekebishiki kirahisi.

Mara nyingi wameambukizwa na mama yao. Kuzaa na kunyonyesha kumemwamshia kirusi, naye huwalamba usiku na mchana huku yeye mwenyewe akionekana mzima. Msiwatenganishe naye kwa sababu hiyo. Maziwa yake wanayahitaji kuliko wanavyohitaji kuepushwa na kirusi ambacho tayari wanacho. Watoto wa wiki 4 hadi 8 ndio wanaokufa sana. Waweke mahali pakavu na pa joto, wapime kwa mzani wa jikoni kila siku. Asiyeongezeka uzito siku 2 mfululizo ndiye wa kukimbizwa, hata kama anacheza.

Kuna doa la kahawia au jeusi katikati ya jicho, halitoki nikifuta.

Usilifute. Ni kipande cha konea kilichokufa na kuingia rangi. Huwapata zaidi paka wa Kiajemi na wengine wenye nyuso bapa, hasa wenye historia ya herpesi. Wengine hulidondosha wenyewe kwa miezi, kwa maumivu. Mara nyingi linahitaji kukatwa kwa upasuaji. Nitasema jambo ambalo wauzaji hawatalipenda: paka wa uso bapa katika joto na unyevu wa pwani, mwenye pua isiyopitisha hewa tangu azaliwe, ni mnyama aliyenunuliwa pamoja na ugonjwa wake.

Chanjo ipo? Paka wangu alichanjwa na bado anaugua.

Ipo, na huyo alichanjwa dhidi ya kichaa cha mbwa pengine, maana ndiyo chanjo watu wengi wanayoijua. Ya mafua ni nyingine, chanjo moja yenye kinga tatu: herpesi, kalisi, na ule ugonjwa wa kuhara na kutapika unaofyeka watoto wa paka. Huanza wiki ya 6 hadi ya 8, hurudiwa kila wiki 3 au 4 hadi mtoto apite wiki 16. Mwongozo wa mwaka 2024 wa chama cha dunia cha madaktari wa wanyama wadogo unashauri nyingine akiwa na wiki 26 badala ya kungoja mwaka. Baadaye, paka wa ndani asiyekutana na wenzake inamtosha moja kila miaka 3. Anayezurura, au anayeishi na wengi, kila mwaka.

Haizuii maambukizi, na haimtoi kirusi aliyekwisha kukipata. Inapunguza makali. Paka aliyechanjwa hupiga chafya siku 4 na kuendelea kula. Asiyechanjwa hulala siku 12. Uliza kabla ya kulipa kama chanjo ilikaa kwenye friji, kati ya nyuzi 2 na 8, na umeme ukikatika wanafanyaje. Mtu anayejua kazi yake hatakasirika.

Nina paka watano. Mmoja ameanza. Niwatenganishe?

Kama wameishi pamoja muda mrefu, wengine nao karibu wote wanacho tayari. Mtenge mgonjwa kwa ajili ya utulivu wake na ili ujue kama anakula, lakini usigeuze nyumba gereza. Msukosuko wa kutengana unaweza kuwaamsha na hao wengine. Anayestahili kutengwa kweli ni mgeni: wiki 2 hadi 3 chumba chake, bakuli lake, mchanga wake, nawe uwahudumie wenyeji kwanza na yeye mwisho.

Nje ya mwili kirusi hakidumu. Kwenye unyevu kinaishi saa 18 hivi, pakavu ni chini ya hapo, na sabuni inakivunja. Osha bakuli, kisha tumia dawa ya klorini ya kufulia: robo kikombe kwa vikombe 8 vya maji, acha dakika 10, suuza, anika juani. Zile dawa za kuua vijidudu ambazo ukizitia kwenye maji zinageuka nyeupe kama maziwa usizitumie anapolala paka. Zina kemikali ambazo ini lake haliwezi kuzitoa.

Vipi wale wa baraza la msikiti na sokoni? Hawana mwenyewe.

Wana watu wengi wanaowalisha, na hapo ndipo pa kuanzia. Kuwahasi hupunguza mapigano, hupunguza mimba, na kila mimba isiyotokea ni kikundi cha watoto ambao hawataambukizwa na mama. Anayekamatwa kwa ajili ya kuhasiwa achanjwe papo hapo akiwa bado usingizini, maana hamtamkamata tena. Gawanyeni vyombo vya chakula katika sehemu tatu au nne badala ya sahani moja kubwa ambayo vichwa kumi vinapigania. Kuwatia dawa ya macho mara 4 kwa siku haiwezekani, usijilaumu.

Lini nisingoje hadi kesho?

Akihema kwa mdomo wazi. Akifumba jicho kwa nguvu, au jicho likiwa na ukungu au limechomoza. Paka mkubwa asipokula saa 48, mtoto saa 12. Ukivuta ngozi ya bega ikabaki imesimama.

Daktari amesema jicho halifai tena, litolewe. Si afadhali adungwe alale moja kwa moja?

Jicho bovu linauma mchana na usiku, na paka hasemi. Likishatolewa maumivu yanakwisha. Nimewahi kuwaona wanaanza kula usiku wa siku ile ile, wenye nyumba wakidhani ni dawa ya usingizi inamchezesha. Nyuzi hutolewa baada ya siku 10 hadi 14, manyoya yanaota, na linabaki kama jicho linalokonyeza. Hata panya bado ataweza kuwakamata. Wiki za mwanzo hukosea umbali anaporukia meza, kwa hiyo sogeza vikombe.